Kinanaa na Vidole vya Bibi

Nikinunua mnanaa gengeni hapa Masasi, sinusi. Nabinya shina kwanza, nalizungusha kati ya kidole gumba na cha shahada, nahesabu pembe. Mama wa genge ameshanizoea, ingawa mwanzoni alidhani natafuta wadudu na alikuwa ananinunia kidogo. Juzi alinipa fungu bichi lililonyunyiziwa maji, nikalibinya kama kawaida yangu, na ghafla nikamkumbuka Bibi kiasi cha kushindwa kuendelea na safari. Nilikaa kwenye benchi lake, fungu mkononi, hadi akaniuliza kama naumwa. Kwa hiyo nyinyi wenzangu mliolelewa na bibi zenu mtanivumilia nikiwasimulia habari za neno moja, lililonifanya nimtie mjomba wangu upele usoni na ambalo nusura linitenganishe na mtu niliyempenda kuliko wote.

Neno lenyewe ni kinanaa. Msihangaike na kamusi, nimeshatafuta kwa niaba yenu na halimo. Alilitunga mwalimu wetu wa sayansi pale Newala, mtu mrefu wa Chiwata aliyekuwa na kitabu kimoja kinene cha mimea, cha Kiingereza, kilichokwishapoteza majalada yote mawili. Kila alipokutana humo na sifa ambayo Kiswahili hakikuwa nayo, hakulalamika. Alikaa nayo siku mbili tatu, kisha akaja darasani na neno jipya, akaliandika ubaoni na kulipigia mistari miwili. Mengi ya maneno yake yalikufa siku ileile. Kinanaa halikufa, angalau kichwani mwangu.

Siku hiyo alikuja na mnanaa hai ndani ya kidumu kilichokatwa shingo. Mjue kwamba maji ya Newala enzi zile yalipandishwa kutoka bondeni kwa kichwa, na mtu aliyemwagilia majani ya kutia kwenye chai alihesabiwa kuwa mwenye kujidai. Mwalimu alijitetea kabla hatujamuuliza, akasema anaumwagilia kwa maji aliyonawia uso. Akaupitisha dawati kwa dawati, kila mtu abinye shina na aseme amehisi nini. Tulihisi pembe nne, kama penseli ya fundi seremala. Akatuonyesha majani yanavyokaa mawili mawili, yakitazamana. Kisha akaandika: mmea wa kinanaa ni mmea wowote ulio wa ukoo mmoja na mnanaa.

"Dawa ya meno inanukia mnanaa," alisema. "Je, ni ya kinanaa?"

"Ndiyo, Mwalimu," tukaitikia kwa pamoja.

"Hapana. Dawa ya meno ina harufu tu. Na kivumbasi, ambacho hakinukii mnanaa hata kidogo, ni cha kinanaa?"

Tukanyamaza, tumeshaumwa mara moja. Akatuambia ni cha kinanaa moja kwa moja, kina shina la pembe nne na majani yanayotazamana. Mrehani nao vivyo hivyo. Tusiamini pua, tuangalie ukoo. Akaanza kusema kuna alama ya tatu, iliyo kubwa kuliko hizo mbili, inayohusu ua, na hapo kengele ikalia. Ilikuwa kengele ya kwenda nyumbani, tulikuwa na njaa, na tulitoka mbio kama kawaida. Alama ya tatu ilibaki mdomoni mwake nusu.

Nililipenda neno lile kupita kiasi. Nilianza kulitumia mahali ambapo hata Mwalimu mwenyewe angeona haya. Sahani ya bati yenye pembe ilikuwa ya kinanaa. Mwenzangu mmoja mwenye kichwa kipana nilimwambia ana kichwa cha kinanaa, akanipiga, na hakukosea. Lakini nyumbani neno lilipata kazi ya maana, kwa sababu Bibi alikuwa anaijua alama ile ya pembe nne miaka mingi kabla ya Mwalimu kuzaliwa, bila kitabu.

Bibi yangu mzaa mama alikuwa mtu wa kuwafukiza watu. Mwenye mafua, mwenye kichwa kizito, mzazi aliyejifungua juzi, wote walikuja uani kwake. Alichemsha chungu cha kivumbasi na mchaichai, akamkalisha mtu kwenye kigoda, akamfunika blanketi, akamwambia avute pumzi na asilete maneno. Majani aliyachagua kwa vidole. Alilivingirisha kila shina polepole, akalinusa, na kama si lenyewe alilitupa begani bila kugeuka. Nilipomweleza habari ya kinanaa alicheka sana. "Kumbe mwalimu wenu analipwa kwa hayo," alisema. "Mke mwenzangu, mwambie aje nimfundishe na mengine." Mke mwenzangu ndiye mimi, kwa utani wa bibi na mjukuu. Jina langu ni Somoe, ila yeye alilitumia akikasirika tu.

Sasa niwaambie siri yetu. Bibi alikuwa haoni. Hakuwa gizani kabisa, mwanga na giza alivitofautisha, na mtu akisimama mlangoni alijua kuna mtu. Lakini nani, hakujua, wala hakujua jani la kivumbasi na jani la kunde mpaka alishike. Mimi niligundua wiki ya kwanza nilipoletwa kwake. Mama yangu alikuwa Masasi na wadogo zangu watatu, na Bibi alikuwa ameomba mtoto mmoja wa kumtekea maji. Nilimkuta anapepeta mchele uliojaa mawe na kusifu ulivyo msafi. Nilimtazama, akajua natazama, akasema, "Haya, umeshajua. Ukimwambia mtu nitakufukiza na pilipili."

Tukabuni mbinu. Mgeni akitokea, mimi nilikuwa wa kwanza kusalimia, kwa sauti ya kusikika hadi jikoni, na kwa jina. "Shikamoo, Mama Fatu." "Shikamoo, Baba Hamisi, na wewe Mama Hamisi, shikamoo." Bibi akitoka alikuwa tayari ana orodha. Aliwaita kwa majina, akawaulizia watoto wao na mikorosho yao, na hakuna aliyehisi kitu. Ndani ya uwanja wake alitembea bila kupapasa, hatua sita hadi jikoni, kumi na moja hadi chooni, mkono wake haukugusa ukuta. Majani nilichuma mimi, yeye akapokea kikapu na kuchambua. Kijiji kizima kilinisifia adabu. Akina mama waliwapiga watoto wao kwa kunitolea mimi mfano, na naona aibu kukiri kwamba nilifurahia.

Siri ile ilikuwa na sababu. Mjomba Saidi, mtoto wa kwanza wa Bibi, alikuwa na nyumba ya bati Masasi, na kwa sisi watu wa huku mjomba ndiye mwenye kauli juu ya watoto wa dada zake na mambo ya ukoo. Alikwisha kusema mara mbili kwamba mama yake amezeeka, aje akae naye mjini, na nyumba ya Newala ifungwe. Bibi hakutaka. Mume wake alizikwa pale, mikorosho aliipanda yeye, na chungu chake kilikuwa na watu wa kukihitaji. Mimi nami sikutaka. Nyumba ikifungwa ningerudi kwa Mama, na Masasi nilikuwa mtoto mmoja kati ya wanne. Kwa Bibi nilikuwa mke mwenza.

Mjomba alikuja msimu wa mikorosho kutoa maua, wakati Newala ina baridi ya asubuhi na mvua imeshasahaulika. Nilimwona akishuka kwenye baiskeli ya kukodi.

"Shikamoo, Mjomba Saidi," nilipaza sauti.

"Marahaba. Mjomba inatosha, unaniita kama karani."

Alikuwa na mafua mabaya, macho yanamtoka machozi. Bibi naye alikuwa nayo, siku ya tatu hiyo, pua imeziba kabisa. Walisalimiana kwa kupiga chafya. Chai haijapoa Mjomba akaanza: amesikia watu wanasema mama yake siku hizi anatia chumvi mara mbili kwenye mboga, amekuja kuondoka naye, gari la kupakia vyombo amekwisha kuliulizia. Bibi alimsikiliza hadi mwisho. "Nangu siendi," alisema, na alipochanganya Kimakonde na Kiswahili namna hiyo ujue ameshakasirika. "Unakuja na kamasi kunifundisha uzee? Kaa hapo nikufukize, halafu uniambie kama nimezeeka. Somoe, lete kikapu."

Nilikwenda nyuma ya nyumba. Kivumbasi kilikuwa kimekauka hadi shinani, vijiti vitupu vyenye mbegu. Nilizunguka uwanja, nikaenda hadi kwa jirani, hakuna. Ndipo nikaja kwenye uzio. Uzio wetu ulikuwa wa ule mti mnaoujua, wenye vishada vya maua ya njano na waridi na vitunda vyeusi, hauogopi kiangazi. Nilibinya shina. Pembe nne. Majani mawili mawili, yanatazamana. Nikasugua jani, harufu kali ikanipanda puani. Nilifurahi kama mtu aliyeokota alichokuwa akikitafuta. Ni wa kinanaa huu, nikajiambia. Na sikuona tatizo lolote lililobaki, kwa sababu kwetu ndugu husimama mahali pa ndugu. Mama mdogo wangu ni mama yangu, akinituma naenda, akinichapa nalia, hakuna anayeuliza nani kanizaa. Kama kivumbasi hakipo, ndugu yake atafanya kazi yake. Hiyo ndiyo hesabu niliyoipiga, na mpaka leo siwezi kumlaumu sana yule mtoto aliyeipiga.

Bibi alipokea kikapu. Alivingirisha shina, akaleta puani, akakumbuka kwamba pua haifanyi kazi, akavingirisha tena. "Pembe nne," alisema taratibu. Kisha akapitisha kidole gumba juu ya jani. "Mbona yanakwaruza?"

Mjomba alikuwa hatua tatu kutoka kwetu. Ningesema kweli, angesikia. "Jua, Bibi," nikasema. "Jua limeyakausha." Ulikuwa uongo wangu wa kwanza kwake, na aliupokea bila shaka yoyote, akayatia chunguni.

Mjomba hakukaa chini ya blanketi hata muda wa kumenya muhogo mmoja. Alikohoa, akanyamaza, akakohoa tena kwa namna nyingine, na mara blanketi likaenda kule na yeye huku. Macho yamekuwa mekundu, mashavuni yamemtoka mabaka, anajikuna shingo kwa mikono miwili. Nilimpa maji. Alipopata pumzi aliinama juu ya chungu, akaokota kishada kidogo cha maua kilichokuwa kinaelea.

"Mama, huu si mti wa uzio? Huu hata mbuzi hawaugusi. Nani ameuweka humu?"

Bibi alikuwa amesimama, uso ameuelekeza kwenye sauti yake. Nilimwona akielewa. Alijua mara moja ni mimi, na alijua kwamba akisema ni mimi ataulizwa kwa nini hakuona.

"Nimeweka mwenyewe," alisema.

"Mwenyewe? Umeuchuma na kuutia kwa mikono yako?"

"Mwenyewe."

Mjomba alikaa chini polepole. Hasira ilimtoka, na kilichobaki usoni kilikuwa huzuni, ambayo ilinitisha zaidi. "Basi imekwisha, Mama," alisema. "Mtu akishafika hapo haachwi peke yake. Kesho naleta gari." Yule mwanamke aliyekuwa na jibu kwa kila mtu Newala alisimama kimya huku mwanawe akimhesabu kuwa amepotewa na akili, na alikuwa radhi ahesabiwe hivyo ili mimi nisiguswe. Sikuweza. Nilianza kulia kabla ya kusema, kwa hiyo sina hakika maneno yalitoka vipi, lakini yalitoka: nilichuma mimi, nilimdanganya, Bibi ana akili zake zote, Bibi haoni.

Mjomba alimtazama mama yake muda mrefu, kisha akanyoosha mkono hewani. "Mama, hapa kuna vidole vingapi?"

"Usinipe mtihani, Saidi. Mimi ndiye niliyekuzaa."

"Tangu lini?"

"Tangu kabla huyu hajaja."

Mjomba akaweka mkono chini. Nilimwona akifuta macho, na sijui ilikuwa ni sababu ya mti wa uzio au ya kitu kingine. Asubuhi yake aliondoka na Bibi, lakini si kwenda Masasi kukaa. Alimpeleka Ndanda, hospitalini, macho yakaangaliwe. Mimi nikaachwa kwa Mama Fatu. Bibi alipanda gari bila kuniaga. Hakunigombeza, hakuniita Somoe wala mke mwenza. Kwa mara ya kwanza tangu niletwe kwake hakuwa na neno kwangu, na nililia mpaka Mama Fatu akadhani nimepata homa.

Nilimpelekea Mwalimu kesi yangu. Nilimletea kijitawi cha uzio, na kijiti cha kivumbasi nilichokipata mbali kikiwa na maua mawili yaliyosalia. Hakunicheka. Alivilaza juu ya meza, akafungua kitabu chake kisicho na majalada, akanionyesha kwa ncha ya kalamu. Ua la kivumbasi lina midomo miwili, wa juu na wa chini, kama mtu anayetaka kusema jambo. Maua ya uzio yamejikusanya duara, kila moja limefunguka wazi, hakuna mdomo. Hiyo ndiyo alama ya tatu. Mti ule ni jirani wa ukoo, alisema, umeazima shina na majani, ila si wa kinanaa.

"Na hata ungekuwa wa kinanaa," akaongeza, "neno linakwambia ukoo wa mmea. Halikwambii kama unanyweka au unafukizwa. Hayo ulitakiwa umuulize Bibi yako." "Kengele ililia na mimi nikafunga kitabu kwa sababu nilikuwa na njaa. Kwa hiyo kosa tutagawana." Sijawahi kusikia tena mwalimu akigawana kosa na mtoto. Nilirudi kwa Mama Fatu nikiwa na nusu ya mzigo, na nusu ile niliweza kuibeba.

Bibi alirudi baada ya wiki tatu. Ulikuwa mtoto wa jicho, walimtoa kwenye jicho la kulia, la kushoto wakamwambia litasubiri. Mjomba alimshusha mlangoni, mabaka yamekwisha, akasema kwa kuwa mama anaona basi habari ya kuhama iishe, ila mabati ya nyumba hii atayabadilisha, Mama apende asipende. Mimi nilisimama nyuma ya mkorosho. Bibi aliangaza uwanja wake wote, chungu, jiko, mikorosho, akasikitikia mchanga ambao haukufagiliwa. Halafu akaniona.

"Sogea," alisema. Nikasogea. Alinishika kidevu, akanigeuza huku na huku kwenye mwanga. Miaka miwili nimekaa naye, ananiogesha na kunisuka, na hakuwahi kuniona uso. "Kumbe umechukua kipaji cha uso cha babu yako," alisema mwishowe. "Pole sana, mke mwenzangu." Nikamkumbatia kiunoni nikalia upya. Nilimwomba msamaha kwa kusema siri. Alisema siri ilikuwa imeshamchosha na yeye, lakini ule uongo wa jua nisiurudie. Nikaahidi, na kwake nimeitimiza ahadi hiyo.

Lilibaki jambo moja, nalo ndilo nililokuwa nikiliogopa tangu nikiwa kwa Mama Fatu. Mama alikuwa ametuma ujumbe kupitia Mjomba: kama Bibi ameshapona macho, Somoe arudi Masasi, kuna kazi nyumbani, atakuja mwenyewe kunichukua Jumamosi. Nilimwambia Bibi jioni hiyo tukichambua mbaazi. Alikuwa anazichagua kwa kuzitazama, moja moja, kwa furaha ya mtoto. Hakuinua kichwa. "Jumamosi," alisema. "Haya." Hakusema lingine, na nililala nikijua kwamba amekubali na kwamba mtu mwenye macho hahitaji mtu wa kumchumia majani.

Jumamosi Mama alifika saa nne, na mkoba wa nguo zangu ulikuwa tayari mlangoni. Bibi alimsikia, akatoka ndani. Mwanamke huyu, ambaye kwa miaka mingi ya kutoona hakugusa ukuta hata siku moja, alitoka akiupapasa kwa viganja viwili. Alikipiga teke kigoda. Alimkanyaga kuku mkia, kuku akapiga kelele uwanja mzima. Akasimama katikati, akautazama mkorosho na kuuliza, "Ni nani huyo, ni Mama Somoe au ni Mama Fatu?"

"Ni mimi, Mama. Si walisema umetolewa mtoto wa jicho?"

"La kulia. La kushoto bado," Bibi alijibu kwa unyonge ambao sikuwahi kuusikia. "Na hilo la kulia nalo, mwanangu, leo lina ukungu."

Mama alimtazama mama yake. Kisha akanitazama mimi, niliyekuwa nimeuziba mdomo kwa khanga. Aliuinua mkoba mlangoni, akaurudisha ndani mwenyewe, akauliza kama blanketi langu linatosha, maana Newala kuna baridi.